Kijiko Kimoja Kwenye Singo

Nakuandikia wewe ambaye pete imekataa kutoka kidoleni. Umetia sabuni, umetia mafuta, ukajiambia ni joto. Na wewe ambaye ukimaliza haja ndogo unaona povu limekaa juu ya maji, halivunjiki, ukajiambia kuna mtu kamwaga sabuni chooni. Si joto, wala si sabuni. Mie nilijiambia hayo yote miezi mizima, na kama kuna mtu Unguja hii ambaye hakuwa na haki ya kujidanganya, basi ni mimi.

Naitwa Rahma. Mjini wananijua kwa Bi Rahma wa singo. Nyumba yetu iko Mkunazini, na chini kuna chumba nilichorithi kwa mama, chenye kinu, mkeka na chano cha maua. Humo ndimo nilimokuwa nikiwasinga maharusi. Kwa asiyejua, singo ni liwa, dalia, mrehani, mawaridi na karafuu, vikapondwa pamoja na kurowekwa marashi, kisha bibi harusi akasuguliwa mwili mzima mpaka ngozi iwe laini na inukie. Mama yangu alikuwa akimweka mtoto wa watu ndani siku arubaini. Siku arubaini msichana haoni jua, na akitoka ametakata. Haukuwa uchawi, kilikuwa kivuli tu na subira.

Sasa nani ana siku arubaini? Wasichana wa leo wana kazi zao, wanapewa likizo ya wiki moja. Anakuja kwangu Jumamosi kaungua jua la Jambiani, na Ijumaa anataka ang'are kwenye picha. Na alikuwa anang'ara. "Mpeleke kwa Bi Rahma," wanawake walikuwa wakiambiana, "siku saba tu."

Siku saba tu, kwa sababu kulikuwa na kijiko. Kijiko kimoja cha krimu nyeupe, kutoka kwenye kopo la kifuniko cha dhahabu lenye maandishi ambayo sijapata kumwona mtu wa kuyasoma. Nilikuwa nafunga mlango, natia kijiko kwenye singo, nakoroga, nafungua mlango. Baadaye vikawa viwili. Maharusi waliokuwa na haraka zaidi walitiliwa vitatu.

Na kila Jumatano asubuhi, mie huyo huyo, nilikuwa redioni naulaani mkorogo.

Usicheke. Au cheka, nshazoea. Nilikuwa na kipindi cha kina mama, nusu saa, na sikuwa na mada nyengine ila hiyo. Nilikuwa nikisema mkorogo ni sumu, wanaouuza wanakula nyama za watoto wa watu, na mwanamke anayejichubua anamwambia Mola wake kwamba alikosea. "Aliyekupaka rangi hakukosea," ndivyo nilivyokuwa nikimalizia, na sauti inatetemeka. Wallahi nilikuwa naamini. Hilo ndilo linaloniuma mpaka leo, kwamba sikuwa naigiza. Mkorogo, kwangu, ulikuwa ule wa watu wengine, wa kujipaka kila siku. Changu mie kilikuwa kijiko, tena ndani ya singo, tena singo inaoshwa. Nyani haoni kundule.

Na nikuambie jambo ambalo sikulikiri hata nafsini mwangu. Kila nilipoutukana mkorogo redioni, wateja walizidi. Kina mama walisema, huyu ndiye wa asili, huyu hana mambo ya makopo. Nilikuwa naliuza kopo kwa kulitukana.

Nilikuwa nawasugua kwa mikono mitupu, masaa mawili kila mmoja, miaka na miaka. Ndipo mwili wangu ukaanza kudai haki yake.

Asubuhi ulikuwa uso unaovimba, jioni ni miguu. Ukibonyeza muundi kwa kidole, kishimo kinabaki, unaweza kwenda kunywa chai ukarudi ukakikuta. Viatu vyangu vya harusini vilikataa kuingia, nikawa naenda kuwapamba watu na kandambili. Mvua za vuli zilipoanza nilikwenda hospitali.

Benchi la kliniki ya figo ni refu, la mbao, na lina msumari mmoja upande wa mlangoni ambao kila mgonjwa mpya huujua kwa baibui yake kuchanika. Unafika mapema, unapewa namba, unakaa. Hapo utakaa sana, kwa hiyo chukua maji na mto mdogo, usione haya. Siku ya kwanza mwanamke aliyekaa karibu yangu, kavimba kama mie, aliniangalia, akaniangalia tena, akapiga kofi.

"Bi Rahma! Wewe ndiye Bi Rahma wa Jumatano! Shikamoo."

"Marahaba, mwanangu."

"Binti yangu nshamtupia makopo yake yote kwa ajili yako. Alilia huyo! Nikamwambia lia, Bi Rahma kasema."

"Mungu akubariki," nikamwambia. Na nikajisikia vizuri. Nimekaa pale na miguu kama magogo, na bado nikajisikia vizuri.

Daktari alikuwa mwanamke kijana, mpole, macho yamechoka. Aliniuliza maswali yake, kisha akauliza hili: "Kuna krimu yoyote unayotumia, mama? Ya kung'arisha ngozi?"

"Khaa! Daktari, hunijui? Mie ndiye ninayepiga kelele nchi nzima!"

Alicheka, akaona haya kwa kuuliza. "Samahani, Bi Rahma. Ni lazima tuulize." Akaandika. Sijui aliandika maneno gani, lakini najua nilimwandikisha uongo, na kila kliniki iliyofuata aliuliza tena, na kila mara nilimjibu vile vile.

Nilipewa kigaloni cheupe nikusanye mkojo wa siku nzima na usiku wake, nikirejeshe. Nilipita nacho vichochoroni asubuhi, nimekificha chini ya baibui, na mzee mmoja wa barazani akaniamkia kwa furaha: "Bi Rahma! Lini umerudi Makka? Hiyo zamzam?" Nikamwambia inshallah mwakani. Ukifika siku yako ya kigaloni, tia kwenye kikapu na juu yake weka kisamvu. Hilo nilijifunza baadaye.

Kisha vikaja vidonge. Vyeupe, vidogo, vingi, vyote asubuhi. Maji mwilini yalipungua, nikashukuru, halafu vidonge vyenyewe vikaniumua uso kama mkate wa bofulo. Vikanitia vinyweleo mashavuni, mie mpamba maharusi, nikawa na ndevu. Chumvi ikapigwa marufuku. Nililia siku moja mbele ya bakuli la urojo la mtu mwengine. Na uvimbe ukarudi, kwa sababu Alhamisi nilikuwa kliniki na Jumamosi nilikuwa chumbani na kopo langu, mikono mitupu, mlango umefungwa.

Katika shida hiyo, wema nilioupata ulikuwa mdogo mdogo lakini ulinisimamisha. Kulikuwa na mama mfagizi pale kliniki, Bi Tatu, ambaye kila akiniona alikuwa akisogeza benchi zima, na watu juu yake, mpaka chini ya feni. "Inueni miguu," anasema, "mgonjwa wangu kafika." Hakuwahi kunisikia redioni. Ndiyo maana nilimpenda.

Sasa nifike kwa Nasra, maana yote niliyosema mpaka hapa ni yangu, na ya kwangu ningeyabeba.

Nasra ni binti wa kaka yangu Suleiman. Mama yake alifariki yeye akiwa na miaka mitano, kaka akaniletea, nikamlea mie. Sikujaaliwa mwengine. Alisoma, akawa mwalimu, anafundisha skuli ya watoto wadogo Fumba. Kila Jumanne alikuwa akipita kuniandikia maneno ya redioni kwenye daftari, kwa sababu mwandiko wangu haufai. Ile "Aliyekupaka rangi hakukosea" si yangu. Ni yake.

Alichumbiwa, na harusi ikapangwa Shaabani, kabla ya Ramadhani, kwenye kiangazi kikali. Likizo yake siku saba. Kaka alisema, "Msinge mwenyewe, Rahma. Usimwachie mtu." Nasra alivua saa yake, akakaa kwenye mkeka, akaniambia:

"Shangazi, mie nataka singo ya bibi. Ya asili tupu. Hata nisipong'ara."

"Kwani nyengine ipo?"

"Nakuuliza tu. Wenzangu skuli wanasema hakuna singo ya siku saba isiyotiwa kitu."

"Wenzako hawana adabu. Ya asili tupu, mwanangu."

Nikamwambia asubiri nje, nikabaki kuponda. Nilikuwa na nafasi ya kuacha. Kopo liko rafuni, mlango umefungwa, hakuna aliyekuwa akiniona ila Mungu. Nikawafikiria mawifi zake, wale wanawake wa upande wa mume, watakaokuja na simu zao kupiga picha na kusema ndiye huyu aliyelelewa na Bi Rahma? Mbona mweusi hivi? Nikatia vitatu. Kwa mapenzi, nilijiambia. Na alipokwenda kwa mumewe nilimpa kopo lililojaa singo hiyo hiyo, nikamwambia ajisinge kila siku mpaka liishe.

Alitoka anang'ara, na ukumbi mzima ukapiga vigelegele.

Masika ilipoanza, mvua inapiga mabati siku nzima, Nasra alivimba miguu. Ukoo ukafurahi. "Mimba hiyo!" Mama mkwe wake alianza kumletea uji wa mtama na kumkataza kuinua ndoo. Kaka yangu, mtu asiyejua kucheka, alikuwa akicheka peke yake. Mie nilipomwona alipoingia, kabla hajasema shikamoo, nilimwangalia chini ya macho. Ule uvimbe naujua. Ule ni wangu.

"Unaona povu?" nikamwuliza.

"Umejuaje, Shangazi?"

Hakukuwa na mimba. Wiki iliyofuata tulikuwa benchi moja, mie na yeye, baba yake kasimama. Msumari ulimchana baibui. Daktari yule yule alimwuliza swali lile lile, mie nimekaa pale pale, na Nasra akamjibu bila wasiwasi:

"Singo ya shangazi yangu tu. Ya asili."

Daktari aliniangalia, akatabasamu kwa heshima. Nami, Mungu anisamehe, nikatabasamu.

Najua unachosubiri. Unasubiri niseme kwamba hapo nilisimama nikasema. Sikusema. Nilikwenda kwake siku ya pili, nikamwambia, "Lete kopo lako nikutilie mbichi, hiyo imeshapoteza harufu." Alinishukuru. Nikaimwaga ya zamani shimoni, nikamtilia singo safi ya mama yangu, ya kweli, na nikarudi nyumbani nikijiona nimemwokoa. Na lile kopo la krimu la rafuni nikalifunga ndani ya mfuko, nikaliweka chini ya nguo. Nilidhani ukiondoa ushahidi umeondoa ugonjwa.

Haukuondoka upesi hivyo. Wiki zikapita, Nasra anakunywa vidonge, uso unamjaa, watoto wa skuli wanamwuliza mwalimu mbona umenenepa. Mama mkwe aliacha kuleta uji. Alikuwa akisema sasa, kwa sauti ya chini lakini ya kusikika, kwamba mwanawe kauziwa mgonjwa. Mumewe alikuwa mwema, lakini wema wa mwanamume mbele ya mama yake una kipimo. Nasra alianza kulala kwa baba yake siku mbili, siku tatu kwa wiki. Ndoa ya miezi mitatu.

Siku moja tukaitwa wote. Daktari alitufuata pale pale benchini ukumbini, karatasi mkononi. Alisema hajui chanzo, na hawezi kuendelea kutibu kwa kubahatisha, kwa hiyo Nasra avushwe Dar achomwe sindano mgongoni, itolewe nyama kidogo ya figo ikaangaliwe. Alieleza kwamba damu inaweza kuvuja, mara chache. Kaka alikaa chini. Nasra aliuliza ataumia kiasi gani, kwa ile sauti aliyokuwa nayo alipokuwa na miaka mitano.

"Msimchome," nikasema.

Wakaniangalia.

"Niliitia mie. Krimu. Ndani ya singo yake. Vijiko vitatu. Na mie ndiyo hiyo hiyo inayoniumiza."

Nakumbuka Bi Tatu alikuwa anafagia ukumbini na fagio likasimama. Daktari aliweka karatasi chini polepole. "Tangu vuli nakuuliza," akasema. "Tangu vuli, Bi Rahma." Hakupiga kelele. Nilitamani apige.

Kaka yangu alinyanyuka. "Mama yake nilimzika," akasema, "nikakuletea mtoto. Ndiyo malezi haya?" Akachukua mkoba wa Nasra, akamshika mkono, akampeleka benchi la upande wa pili wa ukumbi. Nilibaki peke yangu chini ya feni.

Nasra hakulia. Aliniangalia kutoka kule, watu wote wanasikia, akasema, "Nilikuuliza, Shangazi. Nilikuuliza, ukaniapia."

Sikuwa nimeapa. Lakini sikumsahihisha.

Daktari alitaka kuliona kopo lenyewe; krimu za namna hiyo, alisema, huwa na zebaki, na zebaki hula figo. Nikaenda kulileta, njia zile zile, nimelificha chini ya baibui pale pale nilipoficha kigaloni. Yule mzee wa barazani aliniamkia tena. Safari hii sikuitika.

Kwa hiyo, ndugu yangu uliye kwenye benchi, sina dawa ya kukupa, daktari anayo. Nina neno moja tu. Ukiulizwa unapaka nini, sema. Sema hata kama wewe ndiye imamu, ndiye mwalimu, ndiye mwenyewe uliyekataza. Mie uongo wangu mmoja ulinigharimu miezi saba ya figo langu, nayo haikurudi yote. Na kama si ule uongo, Shaabani ile ningekuwa nshajua kilichoniumiza, na mtoto asingeguswa.

Nasra hakuvushwa. Kipupwe kilipokuja na ubaridi wake, povu lilianza kupungua, la kwake upesi, la kwangu kwa kusuasua. Nilipata habari zake kwa Bi Tatu, kwa sababu kaka alimbadilishia siku ya kliniki ili tusikutane. "Leo kavaa viatu vyake vya kazini," Bi Tatu aliniambia asubuhi moja, na nikamkumbatia na ufagio wake.

Nilirudi redioni mara moja, Jumatano moja, kusema. Sikuwa na daftari. Nilisema kila kitu, nikaeleza kopo lilivyo, kifuniko cha dhahabu na yote, ili watu walikimbie. Simu zikalia. Wako walionitukana, na nilistahiki. Lakini wa kwanza kabisa kupiga, sauti ya mama mtu mzima, mpole, alisubiri nimalize kuomba radhi, akasema: "Pole sana, Bi Rahma. Sasa hilo kopo, kwa Darajani, linapatikana upande gani?" Nikavua zile spika za masikioni nikaziweka mezani. Sijarudi tena.

Vuli imeingia tena. Pete yangu inatoka. Mwezi uliopita Nasra alinipigia simu, mara ya kwanza tangu siku ile. Amerudi kwa mumewe, na wifi yake anaolewa.

"Wamekubali kumweka ndani siku arubaini," akasema. "Nitamsinga mie. Lakini vipimo vya bibi sivijui. Njoo."

Nilivaa viatu vyangu vya harusini, viliingia. Nikafika kwao, bibi harusi kakaa kwenye mkeka, mama mkwe kaegemea mlango mikono kifuani, kinu katikati. Nilivua baibui, nikakunja mikono ya gauni, nikainama nichukue mchi. Nasra akausogeza.

"Usiguse, Shangazi."

"Mikono safi, mwanangu. Nshapona."

"Nnajua." Akanionesha kiti pembeni, mbali na chano. "Wewe kaa pale useme. Kusema unajua."

Nikakaa. Nikaweka mikono mapajani. Liwa kwanza, nikasema. Kisha dalia. Kisha mrehani, uwe mkavu. Na kila nilichokitaja, Nasra alikinusa, akakipaka kwanza mkononi mwake mwenyewe, akangoja, akautazama mkono, ndipo akakitia kinuni.